Je, wajua kwa nini kuna watengeneza filamu wasiouliza swali hata moja?

Nenda Matondoni, kijiji cha mafundi wa majahazi kisiwani Lamu, umkute fundi akichonga taruma, yaani mbavu ya chombo, kwa tezo, kishoka chake cha kuchongea. Mwambie, "Fundi, hebu tueleze unafanya nini." Ataweka tezo chini, atapangusa jasho, atainyoosha kofia, kisha atakueleza vizuri sana. Maelezo umeyapata, lakini kazi imesimama.

Ndiyo sababu kubwa. Kati ya filamu za hali halisi kuna aina ya kutazama tu: hakuna mahojiano, hakuna msimulizi, hakuna "rudia, hukuonekana vizuri". Mtengenezaji anataka kuona fundi anavyopima mkunjo wa mti kwa jicho na anavyomkemea mwanagenzi aliyepotosha keekee, kifaa cha kutobolea mbao. Hayo mwenyewe hangeyataja hata angeulizwa, kwani ameyazoea mno.

Aina hii ilisubiri mitambo. Karibu na mwaka 1960 zilipatikana kamera za milimita 16 za kubeba begani, pamoja na vinasa sauti vyepesi kama Nagra vilivyokwenda sambamba na picha. Watu wawili wakaweza kumfuata mtu popote. Mmarekani Frederick Wiseman alijulikana kwa filamu zisizo na mahojiano wala msimulizi, na sauti akirekodi mwenyewe. Hapa Kenya, David na Judith MacDougall waliwapiga filamu Waturkana miaka ya 1970, watu wakisema Kiturkana chao na tafsiri ikiandikwa chini ya picha, ingawa wao walikubali pia kuzungumza na wenyeji huku kamera ikirekodi.

Je, watu hawaigizi? Huigiza, hasa mwanzoni. Dawa ni kukaa. Jahazi haliundwi kwa wiki moja. Watoto huchoka kuchungulia lenzi, na fundi ana mbao za kupima. Lakini anayedai kamera husahaulika kabisa, mimi simwamini.

Wengi hudhani ugumu uko kwenye picha. Lamu, ugumu ni sauti. Mazungumzo yakipitiwa na adhana, huwezi kuondoa sentensi ya katikati: adhana itaruka, na hakuna mtu wa Lamu asiyeijua inavyofuatana. Basi tukio ulichukue zima au uliache. Punda naye halii kwa ratiba yako, na kusi, ule upepo wa kusini, ikivuma, kipaza sauti kisichovishwa manyoya hunasa upepo mtupu.

Kisha kuna uhariri, ambako mtengenezaji aliyenyamaza ndipo hasa anaposema. Saa nyingi za picha hubaki moja au mbili. Weka lile karipio mwanzoni, fundi ataonekana mkali. Kabla yake weka tukio la mwanagenzi akikaribia kujikata kidole, ataonekana mlezi. Ndiyo maana wengine humwonyesha fundi filamu kabla ya kuifunga. Huenda akalalamikia jambo ambalo mhariri hakuliwaza: kalafati, kazi ya kuziba nafasi kati ya mbao, imepewa sekunde chache tu, ilhali bila ile pamba na mafuta yake chombo kitajaa maji.