Orodha kwanza, maonyesho baadaye: kufanya kazi na wachoraji wa Sudan walioko Nairobi

Mchoraji aliyekimbia Khartoum akifika Nairobi, wanaomtakia mema humwuliza haraka ataonyesha kazi zake lini. Mimi ni mratibu wa maonyesho ya sanaa, na maonyesho ndiyo yanayonipa riziki, lakini swali hilo huliacha lisubiri. Ninachomwuliza kwanza ni hiki: kabla ya vita ulikuwa umechora nini, kazi hizo ziko wapi, na una picha zake zozote? Majibu yake tunayaandika moja baada ya jingine, hata kama bado hatuna ukuta wa kutundikia chochote.

Vita vilianza Jumamosi ya 15 Aprili 2023, kumi la mwisho la Ramadhani, kati ya jeshi la Sudan na kikosi cha wanamgambo cha RSF (Rapid Support Forces). Havikuanzia mpakani wala porini. Vilianza katikati ya Khartoum, karibu na uwanja wa ndege na makao makuu ya jeshi, mtaa kwa mtaa na sehemu ambako wasanii walikuwa na studio zao. Watu walitoka na walichoweza kubeba: hati za kusafiria, simu, watoto. Kanvasi ya mita mbili haipandi basi la kwenda mpaka wa Misri wala la kwenda Port Sudan. Ikabaki ukutani, au imeegemezwa nyuma ya mlango wa chumba cha kupanga.

Jumba la Makumbusho la Taifa la Sudan, lililofunguliwa mwaka 1971 na kuhifadhi hata hekalu la Buhen lililookolewa lisizamishwe na maji ya Bwawa la Aswan, liliporwa. Septemba 2024 UNESCO iliwaomba wafanyabiashara wa sanaa na umma wasinunue wala kusafirisha mali za kitamaduni za Sudan. Ombi hilo ni la maana sana. Lakini sanamu ya kale ina namba ya rejista na wataalamu wanaoijua. Picha iliyochorwa mwaka 2018 na kijana wa Omdurman haina. Ikitokea kesho mikononi mwa muuzaji asiyejulikana, mchoraji ataonyesha nini kuthibitisha kwamba ni yake na kwamba hakuiuza?

Ndiyo maana naanza na orodha. Kila kazi inapata jina lake, mwaka, vipimo, aina ya rangi na kitu ilichochorwa juu yake, kama kanvasi au mbao, mahali ilipoonekana mara ya mwisho, na nani alikuwa na funguo. Chanzo kikubwa ni simu. Simu ya mchoraji mwenyewe, ya dada yake, ya rafiki aliyepiga picha za kumbukumbu siku ya ufunguzi wa maonyesho na nyuma yao ikaonekana nusu ya kanvasi. Nawaomba watu wanitumie picha hizo WhatsApp kama hati, si kama picha ya kawaida, kwa sababu ikitumwa kawaida programu huibana na kufuta tarehe iliyofichwa ndani ya faili. Tarehe hiyo ni ushahidi.

Vipimo ndivyo vinavyotusumbua zaidi. Hakuna anayekumbuka kama kazi ilikuwa sentimita 90 au 110. Hapo tunaitazama picha upya na kutafuta kitu chenye ukubwa unaojulikana: soketi ya umeme ukutani, kigae cha sakafuni, fremu ya mlango. Ukishajua upana wa kigae kimoja, unaweza kukadiria kanvasi iliyosimama juu yake. Naandika wazi kwamba ni makadirio, na yalipatikana vipi. Nimemwona mchoraji akinyamaza muda mrefu mbele ya picha ya namna hiyo, kisha akaanza kuniambia ni rangi gani ilikuwa imemwagika kwenye kigae kile, na mwaka gani. Tukapata mwaka wa kazi tatu kwa mpigo.

Wengine huanza kuchora upya kwa kumbukumbu kazi walizoziacha. Wakusanyaji huniuliza kama hizo ni nakala. Kwangu mimi ni kazi mpya, na tarehe inayoandikwa nyuma yake ni ya leo, si ya mwaka ile ya kwanza ilipochorwa, hata mnunuzi akitamani iwe ya zamani. Sudan ina mfano mkubwa wa jambo hili. Ibrahim El-Salahi, aliyezaliwa Omdurman mwaka 1930, alifungwa mwaka 1975 katika gereza la Kober bila kufikishwa mahakamani. Kuchora kulikatazwa. Alichora kwa siri kwenye vipande vidogo vya karatasi na kuvifukia mchangani walinzi walipokaribia. Alipotoka alijaza daftari zima, la mwaka 1976, kwa michoro na maandishi ya Kiarabu kuhusu kifungo hicho. Leo daftari hilo liko MoMA, jumba la makumbusho la sanaa ya kisasa la New York. Hakuna anayeliita nakala ya vile vipande vilivyobaki mchangani.

El-Salahi namtaja pia kwa sababu nyingine. Watu wengi huku kwetu wanadhani sanaa ya Sudan imezaliwa na vita hivi. Yeye alirudi kutoka shule ya sanaa ya Slade, London, mwaka 1957, akaonyesha kazi zake Khartoum, na watu hawakuvutiwa. Akazunguka nchi akitazama michoro ya vikapu, nyumba na mbao za madrasa, akaanza kuzivunjavunja herufi za Kiarabu mpaka zikawa maumbo ya wanyama na nyuso. Yeye, Ahmed Shibrain na wenzao ndio wanaoitwa Shule ya Khartoum. Kisha Kamala Ibrahim Ishaq na wanafunzi wake, katika miaka ya 1970, wakaipinga shule hiyo waziwazi na kuanzisha kundi la Crystalist. Nchi yenye wachoraji wanaobishana kwa miongo ina historia ndefu ya sanaa, na anayeshuka leo uwanja wa Jomo Kenyatta na begi moja anatoka humo.

Kwa hiyo naumia mfadhili anaponiambia kwamba angependa picha za vita tu. Mmoja aliwahi kuzirudisha picha za bustani za msanii mmoja akisema hazionyeshi mateso ya kutosha. Msanii huyo alikuwa anachora miti miaka mingi kabla ya 2023, na kuendelea nayo ndiyo njia yake ya kubaki mtu yuleyule. Tulikosa fedha zile. Bado naona tulifanya sawa.

Nairobi haikuanza jana kuwapokea. Eltayeb Dawelbait, anayechora nyuso kwenye mbao kuukuu za milango na makabati, alikuwa hapa miaka mingi kabla ya vita hivi, na mchoraji mwenzake Abushariaa Ahmed yuko Kampala. Baada ya vita kuanza, Rahiem Shadad, aliyekuwa akiendesha Downtown Gallery mjini Khartoum, alianzisha hapa The Rest Residency, yaani makazi ya kupumzika, ambako wasanii waliokimbia walipata mahali pa kukaa na kuchora. Hilo la kupumzika kwanza naliunga mkono kwa moyo wote. Mtu asiyelala hawezi kuniambia kazi yake ya 2016 iliishia wapi.

Kuhusu bei nitasema machache. Mwenye kodi ya nyumba ya kesho atauza kwa chochote, na bei hiyo itamfuata miaka mingi, maana wanunuzi huulizana. Afadhali nimtafutie fedha za kodi kwingine kuliko kumwacha auze kazi kubwa kwa bei ya karatasi. Mkataba uandikwe kwa lugha anayoisoma, mara nyingi Kiarabu, na useme wazi kazi ikikaa muda gani bila kununuliwa irudi kwake.

Na waliofanikiwa kutoka na kanvasi, nawaomba wasizikunje. Kama zimeshakunjwa, zikunjueni, kisha mziviringe rangi ikiwa upande wa nje. Rangi ikiwa ndani hujibana na kupasuka. Tumieni bomba pana la plastiki kutoka duka la vifaa vya ujenzi, kadiri lilivyo pana ndivyo bora, na karatasi safi katikati. Nailoni yenye mapovu isiguse rangi kamwe, kwa sababu kwenye joto mapovu yale huacha alama zisizotoka.

Wewe unayesoma, kama uliwahi kuishi au kufanya kazi Khartoum na ukanunua picha, hata ndogo, itoe ukutani leo. Piga picha mbele na nyuma, hasa nyuma, kwenye sahihi na tarehe. Pima kwa futi kamba. Andika uliinunua wapi, mwaka gani na kwa nani, na kama una risiti ipige picha pia. Kisha mtafute mchoraji, au mtu anayemfahamu, umtumie vyote. Hahitaji uirudishe. Anahitaji kujua kwamba ipo.