Herbert Reinecker na skripti 281 za Derrick

Tamthilia ndefu ya televisheni kwa kawaida huandikwa na waandishi kadhaa wanaopokezana, na sisi wa kazi hii tunajua jinsi mtu mmoja anavyoishiwa visa upesi. Herbert Reinecker, aliyezaliwa Hagen, Ujerumani, mwaka 1914, aliandika peke yake tamthilia mbili za upelelezi za Kijerumani, sehemu zote 97 za Der Kommissar, kisha zote 281 za Derrick, tangu 1969 hadi 1998.

Hakuanzia kwenye upelelezi. Wakati wa utawala wa Hitler alihariri magazeti ya umoja wa vijana wa chama cha Nazi, akawa mwandishi wa habari za vita wa Waffen-SS, kikosi cha kijeshi cha chama hicho, na mwaka 1944 akashirikiana na mwongozaji Alfred Weidenmann katika Junge Adler, filamu ya propaganda iliyowalenga wavulana. Miaka kumi baadaye wawili haohao walitoa Canaris, inayomhusu mkuu wa ujasusi wa kijeshi aliyenyongwa na utawala uleule waliokuwa wakiutukuza. Sidhani kwamba kazi zake za baadaye, zilizojaa watu wenye heshima zao wanaoficha jambo, zinaweza kusomwa bila kukumbuka hilo.

Miaka ya 1960 aliandikia pia filamu zilizotokana na riwaya za uhalifu za Mwingereza Edgar Wallace, ikiwemo Der Hexer ya 1964, nyingine akitumia jina la Alex Berg. Zilijaza kumbi, ila mimi naziona ni burudani tu.

Ufundi wake halisi unaonekana katika Waldweg, sehemu ya kwanza ya Derrick, iliyorushwa Oktoba 1974. Msichana anauawa kwenye njia ya msituni akirudi shuleni, na mtazamaji anajua mapema kwamba muuaji ni mwalimu. Kwa hiyo kinachobaki kumshikilia ni mazungumzo, pale mpelelezi Derrick anapouliza kwa upole na mwalimu anajibu kwa adabu huku akizidi kubanwa. Skripti ya namna hiyo haihitaji magari kufukuzana. Inahitaji chumba, waigizaji wawili hodari na swali linalochelewa kuulizwa. Nadhani hiyo ni sababu mojawapo ya Derrick kuuzwa katika nchi zaidi ya 100, kwa kuwa ubishi wa nyumbani hueleweka popote. Udhaifu ulijitokeza miaka ya mwisho, Derrick alipoanza kuhubiri badala ya kuhoji, na wahusika wengine wakazungumza kwa sauti ileile ya mwandishi wao.