Buibui Anasingiziwa Mengi

Kila masika hutufikia picha za simu kutoka Mbagala, Goba na Kigamboni: shingo au shavu lenye mchirizi mwekundu na malengelenge, na chini yake swali lile lile, "Nimekojolewa na buibui, nipake nini?" Jibu letu huwaudhi wengi, maana habari hiyo wameisikia kwa bibi zao tangu utotoni. Buibui hana mkojo wa kummwagia mtu. Uchafu wake hutoka mzito na mweupe kwa sababu ya kemikali iitwayo guanini, nao ndio yale madoa kama chokaa unayoyaona ukutani chini ya utando. Hauchomi ngozi.

Mara nyingi mwenye kosa ni yule mdudu mwembamba mwenye pingili nyeusi na za rangi ya chungwa, anayefuata taa usiku. Watu humwita nairobi flai, ingawa si nzi hata kidogo, ni jamii ya mbawakawa. Ukimponda kwenye ngozi, anaacha sumu iitwayo pederini, na malengelenge hutokea siku moja au mbili baadaye, wakati yeye umeshamsahau. Unaamka na shingo inawaka, unatazama darini, unamwona buibui kwenye kona, na kesi inaishia hapo. Mdudu huyo akikutulia, mpeperushe, usimpige, kisha osha mahali hapo kwa sabuni na maji.

Lawama nyingine anayobebeshwa buibui ni ya mkanda wa jeshi. Malengelenge yakijipanga upande mmoja tu wa mwili, yakiambatana na maumivu ya kuchoma, hicho ni kirusi kile kile cha tetekuwanga kilichokuwa kimelala mwilini kikaamka. Nenda hospitali mapema, ikiwezekana ndani ya siku tatu tangu upele utokee, na ukitokea karibu na jicho usisubiri hata kidogo. Wanaopoteza muda wakipaka dawa ya "mkojo wa buibui" ndio wanaotusikitisha zaidi.

Buibui mwenyewe ni nani, basi? Yumo katika ukoo wa araknida pamoja na nge, kupe, papasi na utitiri. Aliyekomaa ana miguu minane, hana mabawa wala vipapasio. Tandu na jongoo hawamo, ingawa kila tukienda shuleni lazima mwanafunzi mmoja awataje. Kupe naye huwachanganya watu, kwa kuwa akitoka kwenye yai ana miguu sita na hupata minane akishajivua ganda mara ya kwanza. Buibui peke yao, wanasayansi wameshaorodhesha zaidi ya aina 50,000 duniani, na wapya huongezwa kila mwaka.

Baadhi unaishi nao. Yule mdogo anayetembea kwa kurukaruka ukutani mchana ni buibui mrukaji. Msogelee taratibu: atakugeukia na kukukazia macho mawili makubwa ya mbele, huku mengine sita yakiangalia pembeni na nyuma. Hategi mtego. Anamnyatia nzi, anabandika uzi ukutani ili akikosea asianguke, kisha anaruka. Nguvu ya kuruka haitoki kwenye misuli mikubwa ya miguu. Buibui hunyoosha miguu kwa kusukuma majimaji ya mwili ndani yake, ndiyo sababu aliyekufa huikunja yote kifuani: msukumo umekatika.

Yule mwenye miguu mirefu kama nyuzi, anayekaa kichwa chini kwenye kona za stoo na bafuni, ukimgusa hutikisika kwa kasi mpaka huoni umbo lake vizuri. Mbu wengi huishia kwenye utando wake. Jike hubeba mayai mdomoni, kwa hiyo kipindi hicho hali kitu. Na yupo yule mkubwa bapa anayetoka nyuma ya kabati usiku na kuwakimbiza watu chumbani. Huyo ni mwindaji wa mende, ameenea katika miji mingi ya nchi za joto, na ukimwona amekumbatia kitu cheupe cha duara chini ya kifua, hayo ni mayai yake. Mimi nikimkuta kwangu namwacha.

Wa kuangaliwa ni mmoja: buibui wa kahawia mwenye tumbo la duara, na chini ya tumbo alama ya rangi ya chungwa au nyekundu. Hukaa chini ya viti vya plastiki na ndani ya ndoo zilizoachwa nje, na mifuko yake ya mayai ina vimiiba pande zote, jambo linalofanya iwe rahisi kuitambua. Kung'atwa naye kunauma, ila ni nadra kuleta balaa. Vaa glavu ukipanga vitu vya uani.

Kuhusu mbu kuna jambo linalostahili kujulikana zaidi. Pembezoni mwa Ziwa Victoria, upande wa Kenya na Uganda, anaishi buibui mrukaji aitwaye Evarcha culicivora. Chakula anachokipenda kuliko vyote ni mbu jike aliyeshiba damu, na akipewa nafasi ya kuchagua humchukua Anofelesi, yule anayeeneza malaria. Yeye mwenyewe hawezi kutunyonya, hana mdomo wa kutoboa ngozi yetu. Anaipata damu kwa kumla aliyeiiba. Watafiti wameonyesha kwamba huvutwa hata na harufu ya soksi iliyovaliwa na mtu.

Ukitaka wingi hasa, toka mjini uingie msituni. Mwaka 1997 watafiti walikusanya buibui waliokomaa zaidi ya 9,000 katika msitu wa mteremko wa milima ya Uzungwa, wakapata aina 170, na hao ni wa chini ya matawi ya juu tu.

Sasa niwageukie ndugu zake, maana madhara ya ukoo huu kwa watu na mifugo yanatoka huko. Kupe wa masikio hueneza ndigana kali kwa ng'ombe, na mfugaji yeyote anajua gharama ya kuacha kuogesha. Utitiri wa upele huchimba vijia ndani ya ngozi ya binadamu. Papasi ndiye mjanja kuliko wote. Anajificha kwenye nyufa za sakafu ya udongo, hutoka usiku, hunyonya upesi na kurudi ufani kabla aliyelala hajaamka. Anaweza kukaa miaka kadhaa bila mlo. Homa anayoeneza hupanda, hushuka, kisha hurudi, na mara nyingi hudhaniwa malaria. Mwaka 1905 Robert Koch, aliyepata Tuzo ya Nobeli mwaka huo huo kwa kazi ya kifua kikuu, alikuwa huku kwetu Tanzania wakati wa utawala wa Wajerumani. Aliwakuta papasi kwenye vibanda vya kulala wapagazi katika njia za misafara, akagundua kwamba papasi jike huwarithisha watoto wake vimelea vya homa hiyo kupitia mayai. Ndiyo maana kuhama nyumba kwa muda hakumalizi tatizo. Sakafu ya saruji isiyo na nyufa husaidia sana.

Hata utitiri wana wema wao. Utitiri wa kijani wa mihogo uliingia Afrika kutoka Amerika ya Kusini mwanzoni mwa miaka ya 1970 ukakausha majani ya mihogo nchi baada ya nchi. Aliyekuja kuudhibiti ni utitiri mwingine, Typhlodromalus aripo, aliyeletwa kutoka Brazili. Mchana anajificha kwenye ncha changa ya juu ya mhogo, usiku anashuka majanini kuwinda.

Nge wapo wengi kwenye viwanja vya ujenzi, chini ya matofali na mirunda. Ukiwa na ile taa ya zambarau ya kukagulia noti bandia, zunguka nayo uani gizani: ganda la nge hung'aa kijani, utamwona hata akiwa mita kadhaa mbele. Mwenye mkia mnene na magando membamba ndiye wa kuogopwa zaidi. Mwenye magando manene kwa kawaida huumiza tu. Akikuuma, usichanje wala usifunge kamba. Osha, weka kitu cha baridi, meza dawa ya maumivu. Aliyeumwa akiwa mtoto mdogo, au mtu yeyote akianza kutokwa na mate mengi, kutetemeka au kupumua kwa shida, mpelekeni hospitali saa hiyo hiyo.