Umeenguliwa kwenye ajira za Polisi au Magereza? Mahakama inaweza kukusaidia hadi wapi

Matangazo ya ajira za Polisi, Magereza, Uhamiaji au Zimamoto yakitoka, ofisi za msaada wa kisheria hapa Dodoma hupokea vijana walioenguliwa, mara nyingi wakiwa na wazazi wao. Ombi huwa moja: mahakama iamuru mtoto aajiriwe. Niseme mapema, jaji haajiri.

Kinachowezekana ni kuomba Mahakama Kuu ipitie uamuzi wenyewe. Aliyekuengua alikuwa na mamlaka? Alifuata sifa zilizotangazwa, au aliongeza yake? Ukishinda, uamuzi unafutwa, au mamlaka inaamriwa ikufikirie upya kwa kufuata sheria. Na unaweza kufikiriwa upya ukakosa tena, kwa haki kabisa.

Chukua kijana wa Mpwapwa. Cheti cha kidato cha nne kinasema Yohana, kitambulisho cha NIDA kinasema John. Tangazo liliruhusu tofauti ya majina ikiambatana na kiapo, naye alikiambatisha, lakini kwenye uhakiki akaondolewa. Huyo ana hoja: anadai sharti lililotangazwa lifuatwe.

Mwenzake ana miaka 27, tangazo limeishia 25. Huyu analipinga sharti lenyewe, na hiyo ni kesi ya kikatiba yenye njia yake. Ibara ya 22 ya Katiba inampa kila raia fursa sawa, kwa masharti ya usawa, ya kushika kazi iliyo chini ya mamlaka ya nchi. Lakini ibara ya 13, inapoeleza maana ya kubagua, inataja mambo kama kabila, dini, jinsia na mahali mtu alikotoka. Umri haumo, urefu haumo. Ibara ya 30 nayo inaruhusu sheria kuwekea haki mipaka kwa ajili ya ulinzi na usalama. Simkatazi mtu kwenda, ila mlima huo ni mrefu, na tangu mabadiliko ya sheria ya 2020 lazima uape ukionyesha jambo hilo limekugusa wewe binafsi vipi.

Kinachowaangusha wengi zaidi ni muda. Kanuni za 2014 zinataka uombe kwanza kibali cha kufungua maombi ya mapitio, ndani ya miezi sita tangu uamuzi. Ukikipata, una siku 14 za kuyafungua. Miezi hiyo huishia kwenye "nenda rudi wiki ijayo", na barua ya kumkumbusha mkubwa haisimamishi saa. Kwa hiyo siku ile ile hifadhi nakala ya tangazo, ujumbe wa simu uliokuengua na uthibitisho wa maombi yako, maana tangazo likishaondolewa mtandaoni utabaki na maneno matupu.

Asiye na uwezo wa wakili anaweza kuomba msaada bure chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017. Aje mapema: shauri likichelewa, wenzake watakuwa wameshamaliza mafunzo ya awali na kupangiwa vituo.