Kvennalistinn: yanayosemwa kuhusu chama cha wanawake wa Iceland, na yaliyotokea

Msomaji wa Afrika Mashariki akisikia kwamba wanawake watupu waliunda chama na kuingia bungeni, fikra zinakimbilia viti maalumu. Iceland hakikutengwa hata kiti kimoja. Kvennalistinn, yaani Orodha ya Wanawake, kilianzishwa Machi 1983, na mwezi uliofuata tu kikaingia kwenye uchaguzi mkuu kugombea kura zilezile na vyama vikongwe. Kilipata asilimia 5.5 na wabunge 3. Bunge lililotangulia, lenye viti 60, lilikuwa na wanawake 3 tu. Sasa wakawa 9. Hesabu vizuri: 6 kati yao walitoka vyama vingine. Kwangu mimi huo ndio ushindi mkubwa zaidi wa mwaka ule, maana hakuna chama kilichotaka tena kuonekana hakina wanawake.

Wengine husema kilikuwa chama cha Rais Vigdís Finnbogadóttir. Hapana. Vigdís alichaguliwa mwaka 1980, bila chama, miaka 3 kabla Kvennalistinn hakijazaliwa. Wala orodha ya wagombea wanawake watupu haikuwa jambo geni: mwaka 1908 orodha ya namna hiyo ilitwaa viti 4 kwenye baraza la jiji la Reykjavík, na mwaka 1922 nyingine ikampeleka bungeni Ingibjörg H. Bjarnason, mbunge mwanamke wa kwanza nchini humo.

Dhana inayoniuma zaidi ni kwamba hawa walikuwa wanaharakati wa kelele tu, waliokimbia madaraka yalipowafikia. Kelele walizijua, kweli. Mwaka 1985, meya wa Reykjavík alipotoa maneno yaliyowalinganisha wanawake wa siasa na walimbwende, madiwani wa orodha ya wanawake ya jiji hilo waliingia kwenye kikao wamevaa magauni ya mashindano ya urembo na mataji kichwani, wakaketi kwenye viti vyao na kikao kikaendelea. Lakini tazama mwaka 1987. Kwenye uchaguzi mkuu Kvennalistinn walipata asilimia 10.1 na wabunge 6, wakaitwa kwenye mazungumzo ya kuunda serikali. Sharti lao lilikuwa mishahara ya chini ipandishwe kwa sheria, kwa sababu waliolipwa kidogo kabisa wengi wao walikuwa wanawake. Sharti likakataliwa, wakabaki upinzani. Uwaziri walikuwa wanaukaribia. Wakaukataa kwa ajili ya watu wasiowahi kukanyaga bungeni. Huko si kuogopa madaraka. Hata wao kwa wao hawakuwa na mwenyekiti, na kwa kanuni yao mbunge hakung'ang'ania kiti: baada ya miaka 6 hadi 8 alimpisha mwenzake.

Na je, kilikufa kwa kukosa kura? Kura zilipungua, hilo halifichiki. Mwaka 1995 kilibaki na asilimia 4.9 na wabunge 3. Ila mwaka mmoja kabla, mbunge wake Ingibjörg Sólrún Gísladóttir alikuwa ameshakuwa meya wa Reykjavík kupitia orodha ya pamoja ya vyama kadhaa, akakaa hadi 2003. Uchaguzi wa 1999 ulipofika, Kvennalistinn kiliingia kwenye Samfylkingin, muungano wa vyama vya mrengo wa kushoto. Si wote waliokubali: Kristín Halldórsdóttir, mmoja wa wale 3 wa mwaka 1983, alikwenda chama kingine, cha Kijani cha Kushoto.