Kima wa maabara: yasemwayo na yalivyo

“Si ndio hawa nyani wetu wanaopelekwa Ulaya?” Hapana. Tuanze na majina, maana ndipo tunapojichanganya. Tuna nyani, tumbili, ngedere, mbega na sokwe, kila mmoja na lake, lakini habari ikihusu maabara wote wanaitwa nyani. Wanaozalishwa kwa wingi kwa ajili ya utafiti ni makaka, kima wa Asia: resusi, na mwenzake mwenye mkia mrefu.

Afrika ilikuwemo, tena kwa gharama. Mwaka 1967 tumbili waliokamatwa Uganda walisafirishwa Ulaya, na watumishi wa maabara za Marburg, Frankfurt na Belgrade wakaambukizwa. Watu 31 waliugua, 7 wakafa. Ndipo ugonjwa wa Marburg ulipopata jina, huo huo uliozuka Kagera mwaka 2023. Ukimkamata mnyama porini umekamata na vijidudu vyake, na hiyo ni sababu mojawapo ya watafiti kumtaka aliyezaliwa na kupimwa zizini. Nyingine ni ya kidiplomasia: mwaka 1978 India ilipiga marufuku kuuza nje resusi wake.

“Wanazaliana kama panya.” Laiti! Makaka hubeba mimba miezi mitano na nusu, akazaa mtoto mmoja, na jike husubiri miaka mitatu minne kabla ya kuanza kuzaa. Ndiyo maana China, iliyokuwa muuzaji mkubwa wa kima hawa, ilipofunga biashara ya wanyamapori mwaka 2020, kukiwa na uhitaji wa kupima chanjo za korona, bei ilipaa mara kadhaa. Huwezi kuongeza kima kama kuku wa nyama.

“Siku hizi kompyuta zinatosha.” Bado. Sheria ya Marekani ya Desemba 2022 iliondoa ulazima wa kujaribu dawa kwa wanyama, ila haikukataza.

“Wote hukaa vizimbani.” Wengi, ndiyo. Lakini kisiwa cha Cayo Santiago, Puerto Rico, kina resusi wanaozurura huru, uzao wa mia nne hivi walioletwa kutoka India mwaka 1938.

Sasa lile kubwa: “Cheti kikisema amezaliwa zizini, basi kazaliwa zizini.” Hapa mimi nasita. Uzazi wa polepole na bei ya juu ni kishawishi tosha cha kumnasa wa porini na kumwandikia karatasi. Novemba 2022 waendesha mashtaka wa Marekani waliwashtaki watu 8, wakiwemo maofisa wa serikali ya Kambodia, kwa madai ya kufanya hivyo hasa. Ofisa mmoja alisimama kizimbani Miami, na Machi 2024 akaachiwa huru. Mwaka huo huo wa mashtaka, kima mwenye mkia mrefu aliingizwa katika orodha ya kimataifa ya wanyama walio hatarini kutoweka. Kisiwani Morisi, kichekesho, kima huyo huyo ni mgeni aliyeletwa na mabaharia karne kadhaa zilizopita, na anahesabiwa mharibifu.

Kwa macho huwezi kutofautisha wa porini na wa zizini. Kipimo cha vinasaba kinaweza kuonyesha kama mtoto ni wa wazazi walioandikwa kwenye cheti, mradi shamba likubali kutoa damu ya wazazi hao.