Mfahamu Věra Chytilová Kabla ya Kuonesha Filamu Yake Hadharani

Tangu maktaba yetu ya filamu itangaze utaratibu mpya wa maonesho ya hadhara, tumepokea malalamiko mengi kuhusu kazi za mwongozaji na mwandishi Věra Chytilová wa Ucheki, na sehemu kubwa inatokana na kutomfahamu mwenyewe. Huyu ni mwanamke. Kiishio -ová ndicho kinachoonesha hivyo, kwa hiyo anayemtafuta kwa jina la "Chytil" hatampata katika orodha yetu, na si haki kumlaumu mhudumu wa mapokezi.

Alizaliwa Ostrava mwaka 1929, akapitia masomo ya usanifu majengo, kazi ya uchoraji wa ramani na uanamitindo, kisha akawa mshika kibao kinachogongwa mwanzoni mwa kila picha katika studio za filamu za Barrandov, ndipo mwaka 1957 akajiunga na chuo cha filamu cha FAMU mjini Praha, darasa moja na Jiří Menzel, naye mwongozaji wa filamu.

Wapo wanaosisitiza kwamba alikimbilia Marekani. Aliyehamia huko ni mwongozaji mwenzake, Miloš Forman. Chytilová alibaki Praha hadi alipofariki mwaka 2014.

Dhana nyingine, ambayo tumeirekebisha mara nyingi kuliko tunavyopenda kukumbuka, ni kwamba alifungiwa kazi kwa sababu ya kuchezea chakula. Katika filamu yake Sedmikrásky ya mwaka 1966, wasichana wawili, wote wakiitwa Marie, wanapanda juu ya meza ya karamu na kukanyaga mapochopocho kwa viatu vya visigino, kisha wanarudi wamejifunga magazeti kwa kamba, wakinong'ona na kuunganisha vigae vya sahani kana kwamba vitashikana. Mei 1967 mbunge Jaroslav Pružinec alisimama bungeni kulalamikia chakula kilichoharibiwa ilhali wakulima wanahangaika, ingawa filamu yenyewe ilikwisha kumjibu: maandishi yake ya mwisho yanaitoa kama zawadi kwa wale ambao hasira yao huwaka tu kitalu cha saladi kikikanyagwa. Kilichomnyima kuongoza filamu ndefu tangu mwaka 1970 ni jambo jingine, yaani utawala uliojiimarisha baada ya majeshi ya Mkataba wa Warszawa, muungano wa kijeshi ulioongozwa na Urusi ya Kisovieti, kuivamia Chekoslovakia Agosti 1968. Katika miaka hiyo alitengeneza matangazo ya biashara kwa jina la mumewe, mpiga picha Jaroslav Kučera, na mwaka 1975 akamwandikia Rais Gustáv Husák barua ya kudai kazi yake. Filamu yake Hra o jablko ilifuata mwaka 1976.

Sasa kuhusu kibali. Umri wa filamu hauifanyi kuwa mali ya kila mtu. Kwa sheria ya Ucheki, hakimiliki hudumu miaka 70 baada ya kifo cha wa mwisho kati ya mwongozaji, waandishi wa mswada na mazungumzo, na mtunzi wa muziki, ikihesabiwa kuanzia Januari 1 ya mwaka unaofuata. Kwa Sedmikrásky ukomo ni Desemba 31, 2084. Mwombaji awasilishe fomu, idhini ya maandishi ya mwenye haki, na tarehe na ukumbi wa onesho. Atakayeonesha bila idhini atasitishiwa uazimaji, na mwenye haki anaweza kumdai fidia mahakamani. Jina la filamu liandikwe kwa Kicheki pamoja na mwaka wake. Fomu iliyoandikwa "ile ya wasichana na keki" itarudishwa.